Namba ya Mwisho

Januari 1950, katika taasisi ya utafiti ya RAND kule Santa Monica, California, Merrill Flood na Melvin Dresher waliwakalisha wenzao wawili wacheze mchezo wa visenti. Mmoja alikuwa mchumi, Armen Alchian. Wa pili alikuwa mwanahisabati, John Williams. Katika kila mzunguko kila mmoja alitakiwa achague moja kati ya mawili bila kujua mwenzake anachagua nini: kushirikiana naye au kumgeuka. Malipo yalikuwa yamepangwa kwa ufundi. Vyovyote atakavyofanya mwenzako, ukimgeuka unapata zaidi kuliko ukishirikiana naye. Ila mkigeukana wote wawili, kila mmoja anapata pungufu ya kile ambacho angepata kama mngeshirikiana. Walicheza mizunguko 100. Hawakuruhusiwa kusemezana, lakini kila mmoja aliandika pembeni anachokiwaza.

Nadharia ya uchaguzi wa kimantiki ilikuwa na jibu lake tayari: mtu anayejua kupiga hesabu atamgeuka mwenzake tangu mzunguko wa kwanza hadi wa mia. Alchian alishirikiana mara 68. Williams alishirikiana mara 78. Katika mizunguko 60 wote wawili walishirikiana. John Nash, ambaye nadharia yake ndiyo iliyokuwa ikijaribiwa, alijibu kwamba jaribio lenyewe lina kasoro, maana mizunguko mia ya watu walewale wawili ni mchezo mmoja mrefu, si michezo mia mifupi. Mwaka huohuo Albert Tucker aliuvika mchezo ule hadithi ya wafungwa wawili wanaohojiwa kila mmoja chumba chake, na tangu hapo ulimwengu mzima unaujua kwa hadithi hiyo.

Hadithi ya wafungwa ni nzuri, lakini imefunika jambo moja lililokuwemo katika jaribio la kwanza. Malipo ya wawili wale hayakuwa sawa. Waliposhirikiana, Williams alipata senti nzima na Alchian nusu senti. Alchian aliona hilo si haki, akawa mara kwa mara anamgeuka mwenzake ili kusawazisha. Williams naye, kwa kuona amechokozwa, akawa anamwadhibu mzunguko unaofuata. Wote wawili walitaka kushirikiana na wote walijua kwamba kugeukana kungewaumiza. Ugomvi wao ulikuwa juu ya nani anaubeba mzigo wa kushirikiana huko.

Wasomi wametumia zaidi ya miaka sabini kuuliza kwa nini watu wenye akili zao wanashirikiana. Ni swali halali. Mimi naona fumbo zito zaidi liko pale Alchian alipokasirika.

Hoja ya wanaotilia shaka ushirikiano haipaswi kudharauliwa. Mwaka 1965 Mancur Olson, katika kitabu chake The Logic of Collective Action, alisema kundi kubwa la watu halitachangia hata jambo lenye faida kwao wote, mpaka walazimishwe au kila mchangiaji apewe kitu chake binafsi ambacho asiyechanga hakipati. Kisima kikichimbwa, aliyechanga na asiyechanga watateka maji yaleyale. Mchango wangu peke yake hautaamua kama kisima kitachimbwa au la. Basi kwa nini nitoe? Kila aliyewahi kuwa mweka hazina wa kamati ya mtaa amekutana na mtu huyu wa Olson. Ameahidi mbele ya kikao, akapigiwa simu, na simu haikupokelewa.

Lakini mtu wa Olson ana upungufu mmoja: hana kwao. Anafika mbele ya uamuzi akiwa mtu tu, mwenye fedha mkononi na hesabu kichwani. Mwishoni mwa miaka ya 1990 kundi la watafiti, Joseph Henrich akiwa miongoni mwao, lilianza kuipeleka michezo ya namna hii nje ya vyuo vikuu, katika jamii ndogondogo 15 za mabara mbalimbali. Mmoja wao, mwanaanthropolojia Jean Ensminger, alicheza na Waorma, wafugaji wa ng'ombe wa eneo la Mto Tana nchini Kenya, ambao alikuwa amewafahamu kwa miaka mingi.

Mchezo wenyewe ulikuwa hivi. Watu wanne, kila mmoja anapewa kiasi kilekile cha fedha. Anaweza kubaki nacho chote, au akatia sehemu yake kwenye mfuko wa pamoja. Kilichotiwa mfukoni, mtafiti anakizidisha mara mbili, kisha kinagawanywa sawasawa kwa wote wanne, aliyetia na asiyetia. Pigeni hesabu: kila shilingi unayoitia inakurudia ikiwa nusu shilingi. Mtu wa Olson hatii hata senti moja.

Waorma waliusikiliza wakauita mchezo wa harambee. Kwa wastani walitoa zaidi ya nusu ya walichopewa, na wapo waliotia chote. Kuna jambo jingine ambalo mimi ningelitafakari kwa muda mrefu kuliko wastani huo: wenye mali zaidi walitoa zaidi. Katika harambee halisi ndivyo inavyotakiwa. Mwenye ng'ombe wengi hatarajiwi kutoa sawa na mwenye wachache. Lakini hapa kila mtu alikuwa amepewa kiasi kilekile. Ng'ombe walikuwa malishoni, hawakuwa na kazi yoyote katika mchezo huu, na hakuna kanuni iliyomtaka mwenye nacho aongeze. Ensminger alicheza nao pia mchezo mwingine, ule ambao mtu mmoja anapendekeza jinsi ya kugawana fedha na mwenzake, na mwenzake akikataa wote wanakosa. Katika mchezo huo tajiri na maskini hawakutofautiana kwa utoaji. Ni ule uliofanana na harambee tu ndio uliomkumbusha tajiri kwamba yeye ni tajiri.

Mtu anayeletewa fedha na mgeni na kuelezwa masharti haanzi kwa kuuliza atapata ngapi. Anaanza kwa kuuliza hili ni jambo gani kati ya mambo tunayoyajua: ni mchango, ni biashara, ni zawadi, ni mtego? Akishalipatia jina, anajua yeye ni nani ndani yake na anapaswa kufanya nini. Hesabu huja baadaye, na huja ikiwa imeshapewa mipaka.

Tanzania nayo ilikuwemo katika utafiti ule. Frank Marlowe alicheza na Wahadzabe wa maeneo ya Ziwa Eyasi. Katika mchezo wa kugawana, Wahadzabe walitoa kidogo kuliko wengi, na mapendekezo madogo yalikataliwa mara nyingi. Mwenye haraka angesema Waorma ni wakarimu na Wahadzabe ni wachoyo, na angekuwa amekosea sana. Hawa ndio watu ambao mwindaji akiangusha mnyama mkubwa kambi nzima inakula. Ila nyama yao inagawanywa mbele ya macho ya watu. Wenye haki ya kula wamekaa hapo hapo, wanaiona, wanaidai, na kuificha ni kazi. Marlowe mwenyewe alieleza kwamba wawindaji wakati mwingine hutafuta njia ya kukwepa kugawa. Mgawo wa siri, bila mdai kusimama mbele yako, ni jambo jingine kabisa.

Harambee yenyewe ilipita njia ngumu. Jomo Kenyatta aliifanya wito wa taifa mwaka 1963, na wananchi wakajenga shule, zahanati na mabirika ya maji kwa fedha na jasho lao. Kisha wanasiasa wakaipandisha jukwaani, ukubwa wa mtu ukapimwa kwa bahasha anayoitangaza kwenye kipaza sauti, na mwananchi wa kawaida akatozwa mchango ambao hakuuomba. Sheria ya maadili ya maofisa wa umma ya mwaka 2003 ilijaribu kuwatoa maofisa hao katika kuchangisha. Olson angesema shuruti ilikuwa lazima. Mimi naona shuruti ilizidi kadiri mchangiaji na anayemchangia walivyoacha kujuana.

Basi tuje kwenye upatu, au mchezo kama wanavyouita wengi Dar es Salaam, au chama kwa watu wa Nairobi. Hapa fumbo liko wazi kuliko popote ninapopajua. Chukua kikundi cha Mbagala ambacho kijumbe wake, yaani msimamizi wa mchezo, namfahamu: wanawake 12, kila mmoja anatoa shilingi 50,000 kwa mwezi, na kila mwezi mmoja wao anapokea 600,000. Mwenye namba moja anapokea akiwa ametoa mara moja tu. Amekopeshwa 550,000 bila riba, bila hati, bila dhamana. Kwa nini alete 50,000 mwezi wa pili? Mwenye namba 12 naye ametoa mwaka mzima, kisha anapokea fedha zake zilezile, tena zikiwa zimepungua nguvu, maana sukari na mafuta ya kula havikumsubiri. Kwa mwaka mzima amewakopesha wenzake. Kwa nini aliingia?

Timothy Besley, Stephen Coate na Glenn Loury walionyesha mwaka 1993 kwamba mzunguko wa namna hii unawafikisha watu kwenye fedha ya mkupuo mapema kuliko kila mmoja akiweka peke yake. Cherehani hainunuliwi kwa vipande. Hiyo ni sababu nzuri kwa wa kwanza, wa pili, hata wa kumi na moja. Kwa wa mwisho haisaidii kitu, kwa sababu kibubu kingemfikisha siku hiyohiyo.

Jibu moja la wa mwisho lilipatikana Kibera. Siwan Anderson na Jean-Marie Baland waliwachunguza washiriki wa vyama pale, na katika makala yao ya 2002 walionyesha kwamba mwanamke mwenye kipato chake anayeishi na mume ndiye mwenye mwelekeo mkubwa wa kuingia. Fedha iliyoko nyumbani ina wadai wengi. Fedha iliyoko chamani imeshatoka. Mary Kay Gugerty naye, akiandika mwaka 2007 kuhusu magharibi mwa Kenya, aliwasikia washiriki wakieleza kwamba mtu hawezi kuweka akiba peke yake. Kibubu kinavunjwa na mwenyewe, usiku, mtoto akiugua au shemeji akija na shida. Mwenye namba 12 ananunua kitu ambacho benki haiuzi: watu kumi na mmoja wenye haki ya kumuuliza fedha iko wapi.

Kuhusu namba moja, Anderson na Baland, wakiwa na Karl Ove Moene, walirudi na jambo lililonishangaza mwaka 2009. Tumezoea kusema kwamba mtu hakimbii upatu kwa sababu akikimbia hatachezeshwa tena. Wao walionyesha kwamba tishio hilo peke yake halitoshi. Aliyepokea kwanza akatoweka anaweza kuziweka zile 50,000 zake za kila mwezi mahali pake na akawa na hali nzuri kuliko angebaki. Lazima pawe na kitu kutoka nje ya mchezo: aibu, udugu, ujirani, mtu anayejua mlango wako.

Hicho kitu cha nje kina jina na kauntabuku. Kijumbe wa Mbagala ninayemsema anauza mchele na maharage, na kazi yake ya upatu inaanza wiki kadhaa kabla ya fedha yoyote kutoka. Anayetaka kuingia hutembelewa nyumbani. Kijumbe anataka kujua amepanga au anakaa kwake, biashara yake iko wapi, anadaiwa na nani, na nani aliyemleta, kwa sababu aliyemleta atabanwa naye. Ukurasa wa daftari umepigwa mistari kwa rula, majina yamepangwa chini, miezi juu, na anayechelewa huwekewa alama ya wino mwekundu ambayo kila mtu anaiona daftari likipita mkononi mwake. Mwenye shida anaweza kubadilishana namba na mwenzake, kwa mfano aliye na watoto wa shule akaomba Januari, lakini wote wawili waje kwa kijumbe waseme kwa midomo yao. Mtu akikwama, kijumbe anajaza pengo kwa fedha yake ili anayepokea asipungukiwe, halafu anakwenda kulidai. Mara ya kwanza anapiga simu faraghani. Mara ya pili anakwenda nyumbani jioni, wakati watu wamo. Kwa sababu ya mzigo huo yeye huchukua namba moja, na sijasikia anayemlaumu.

Elinor Ostrom, aliyepata Tuzo ya Nobel ya uchumi mwaka 2009, alitumia maisha yake kuonyesha kwamba watu wanaotumia rasilimali pamoja hujitungia kanuni, hujiwekea walinzi wao, na huadhibu kwa ngazi, kidogo kidogo, kabla ya kumfukuza mtu. Alama ya wino, simu, kisha mlango: ngazi zile zile. Nafurahi kila ninapoona kwamba msomi mkubwa kama yule aliyaheshimu maarifa haya badala ya kuyaita mila.

Lakini kuna jambo katika daftari lile ambalo sipendi kulipita kimya. Namba hazitolewi zote kwa kura. Wa zamani huokota vikaratasi vya namba za juu na za katikati. Mgeni hupewa ya mwisho, na sababu inaeleweka: akiwa wa mwisho hana cha kukimbia nacho. Tazama basi maana yake. Mwanamke aliyehamia mtaani juzi, asiye na dada wala shangazi hapa, ambaye hakuna wa kumsemea, ndiye anayewakopesha mwaka mzima wenye majina, wenye nyumba, wenye vibanda sokoni. Uaminifu wao kwake haupimwi. Wake kwao unapimwa kila mwezi. Bei ya kuaminiwa inalipwa na mwenye uwezo mdogo kuliko wote wa kuilipa. Na huyo ni mwenye bahati, kwa maana amepata mtu wa kumleta mlangoni. Dada wa kazi za nyumbani ambaye mwajiri anaweza kumrudisha kijijini wakati wowote, au mke ambaye mume amempiga marufuku kutoka, hawafiki hata kwenye hiyo namba 12. Macho na milango inayomfanya namba moja alipe ndiyo inayowafungia nje.

Wanaousifu ushirikiano wetu kama urithi wa wema hawalisemi hili, na wanaouchambua kwa hesabu hawalioni, kwa kuwa katika hesabu zao wachezaji wote wameshaketi. Hata Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018, iliyoviingiza vikundi vya kijamii vya fedha Tanzania katika utaratibu wa usajili, inajua kuuliza habari za kikundi na viongozi wake. Nani amepewa namba ya mwisho haikuulizwa.

Liko jambo linaloweza kufanyika, na halihitaji serikali. Mzunguko ukiisha na kikundi kikiendelea, namba zinageuzwa: wa mwisho anakuwa wa kwanza, wa kwanza anakwenda mwisho. Aliyekopesha mwaka mzima anakopeshwa, na aliyekopeshwa anakopesha. Ni rahisi kulikubali siku ambayo namba hazijatoka na hakuna anayejua ataangukia wapi. Mwanafalsafa John Rawls alijenga nadharia nzima ya haki juu ya siku ya namna hiyo, mwaka 1971. Lakini mgeni haokoti karatasi. Namba yake inajulikana kabla hajakaa, na wanaotakiwa kukubali kugeuza wanajua fika nani atapata na nani atasubiri. Mwenye namba moja, aliyepokea mwezi wa kwanza, atapokea tena mwezi wa 24.

Kikundi cha Mbagala kilibishana jioni mbili. Waliopinga hawakuwa watu wabaya. Mmoja alikuwa ameshapanga fedha ya mwanzoni mwa mwaka kwa ajili ya bati za nyumba yake. Kijumbe aliwafungulia kauntabuku akawaonyesha safu ya mgeni, miezi 12 bila alama hata moja ya wino mwekundu, akawauliza ni nani mwingine humu mwenye safu kama hiyo. Kisha akahamisha jina lake mwenyewe kutoka namba moja kwenda kumi na mbili. Mgeni alipokea Desemba, akapokea tena Januari. Akawanunulia watoto sare na madaftari, na zilizobaki akaongezea kwenye friji la kuuzia maji na barafu, ambalo mwenye duka alikuwa amemwekea tangu Novemba. Februari alileta 50,000 zake saa mbili asubuhi, kabla kijumbe hajafungua biashara.